Walijenga Nini Wazee Wetu?



Jumamosi moja, baada ya mafundisho ya Komunyo ya Kwanza hapa Ruashi, kijana mmoja wa miaka kumi na mmoja alibaki nyuma ya wenzake. Alikuwa na kitabu cha shule mkononi, kimefunguliwa penye picha ya piramidi za Misri. Akatuuliza: "Mwalimu, hawa walijenga hii. Warumi walijenga ile ya Mtakatifu Petro. Na wazee wetu walijenga nini?" Kabla hatujafungua kinywa, akajijibu mwenyewe: "Hawakujenga kitu. Walikuwa wanakaa tu."

Tukamwambia aende nyumbani, maana giza lilikuwa linaingia na mama yake angemtafuta. Lakini neno lile, "walikuwa wanakaa tu", lilituchoma. Mtoto hakulitunga yeye. Amelisikia mahali, kama sisi tulivyolisikia tulipokuwa seminarini, tena likisemwa na watu wazima wenye kalamu mfukoni. Kwa hiyo tumeona yafaa kumjibu hapa, mbele ya watu wote, polepole.

Tuanze na hizo piramidi zake. Ile kubwa ya Giza ilijengwa kwa ajili ya Farao Khufu, yapata mwaka 2560 kabla ya Kristo. Ilipokuwa mpya ilikwenda juu meta 146 hivi, na mawe yake hukadiriwa kuwa 2,300,000. Kwa muda wa miaka zaidi ya 3,800 halikuonekana jengo la kuipita kwa urefu, mpaka Waingereza walipomaliza mnara wa kanisa kuu la Lincoln mwaka 1311. Tena Misri iko Afrika. Mtoto wetu alisahau jambo hilo, na kitabu chake hakikumkumbusha.

Watu wengi, hata makatekista wenzetu, husema piramidi zilijengwa na Waisraeli chini ya mijeledi. Hapana. Fungueni Kitabu cha Kutoka, sura ya kwanza: Waisraeli wanatajwa kwa kazi ya matofali na kwa kujenga miji ya ghala, Pitomu na Ramesesi. Wakati huo Khufu alikwisha kufa zamani, zaidi ya miaka elfu moja. Waliojenga piramidi ni Wamisri wenyewe. Tangu mwisho wa miaka ya 1980 wachimbuzi wa mambo ya kale wameufukua mji wao karibu na Giza. Wameona tanuru za mikate, mifupa ya ng'ombe na mbuzi walioliwa, makaburi ya wasimamizi, na mifupa ya watu iliyovunjika kazini ikaungwa vizuri na waganga. Na mwaka 2013, huko Wadi al-Jarf kwenye pwani ya Bahari ya Sham, zilipatikana karatasi za mafunjo za msimamizi mmoja, jina lake Merer. Huyu aliandika siku kwa siku jinsi yeye na watu wake walivyopakia mawe ya chokaa huko Tura, wakayapeleka Giza kwa mashua, wakalala, wakarudi kuchukua mengine. Hizo ndizo karatasi za mafunjo zenye maandishi zilizo za kale kuliko zote zinazojulikana hadi sasa. Kwa kweli twampenda Merer kuliko Farao wake. Anaandika kama karani mwema wa ghala, bila majivuno.

Walakini tusidanganyane. Mtu akipewa mkate na nyama bado ameitwa kwa amri ya mfalme, naye hawezi kusema sitaki. Kitabu cha Kwanza cha Wafalme chatueleza kwamba Salomoni alitwaa watu 30,000 kwa kazi ya shokoa, akawapeleka Lebanoni kukata miti kwa zamu, watu 10,000 kila mwezi. Hekalu likasimama, zuri mno. Alipokufa, watu walimwendea mwanawe Roboamu wakamlilia awapunguzie nira. Akakataa, na ufalme ukapasuka vipande viwili. Sisi tulisoma habari hiyo mara nyingi tukidhani ni habari ya siasa. Kumbe ni habari ya ujenzi pia.

Na sisi wa Lubumbashi tunalo jengo letu refu. Kila mtu hapa hulijua kwa jina moja na mwenziwe: mumbunda na kilima. Mumbunda ni lile dohani la kiwanda cha shaba, na kilima ni lile rundo jeusi la takataka za shaba iliyoyeyushwa. Moto wa kwanza wa kiwanda hicho uliwashwa mwaka 1911, kwa mawe yaliyotoka mgodi wa Étoile, ambao haupo mbali na Ruashi yetu. Dohani linakwenda juu yapata meta 150. Maana yake, mtu akiliweka karibu na piramidi ya Khufu, hayatapishana sana. Tulipomwambia kijana wetu hivyo alicheka, akadhani tunamtania.

Babu yetu alifanya kazi chini ya mumbunda huo miaka mingi. Alikuwa akisema "mumbunda wetu", kama mtu anavyosema "shamba letu", ingawa hakuwa na hisa hata moja. Tulipokuwa wadogo tulimcheka. Sasa hatumcheki. Kwa maana nani aliyeupa mumbunda ule moshi wake, kama si watu walioletwa kutoka Kasai, kutoka Rwanda, kutoka Rhodesia ya Kaskazini, ambayo leo ni Zambia, na kutoka vijiji vya Katanga yenyewe? Na tarehe 9 Desemba 1941, wafanyakazi wa Union Minière walipogoma kwa ajili ya mshahara, wakakusanyika katika uwanja wa mpira hapa Élisabethville, askari waliwapiga risasi. Wengi walikufa. Mtu akiutazama mumbunda na asiikumbuke siku hiyo, ameona matofali tu. Kilima nacho hakikuachwa kilale: tangu mwanzo wa karne hii kimechimbwa tena, kwa sababu ya kobalti iliyokuwa imebaki ndani.

Lakini mtoto hakutuuliza juu ya Union Minière. Aliuliza juu ya wazee. Basi twende kusini.

Ukivuka Zambia na mto Zambezi, ukashuka mpaka karibu na mji wa Masvingo, utafika mahali paitwapo Zimbabwe Kuu. Jina hilo latoka katika Kishona, dzimba dza mabwe, yaani nyumba za mawe. Msemaji wa Kibemba au wa Kiluba hahitaji mkalimani hapo. Nyumbani kwao pia mawe ni mabwe. Ukuta wa nje wa ule ua mkubwa una mzunguko wa meta 250 hivi, na penye urefu zaidi unafika meta 11. Unene wake chini ni meta tano mahali pengine. Na huo wote umepangwa jiwe juu ya jiwe, bila chokaa, bila saruji, bila udongo wa kushikiza. Waashi walilipasha moto jabali la matale mpaka likapasuka mabamba, wakayakata mabamba hayo kuwa mawe ya kadiri ya tofali, wakayapanga safu kwa safu, kila safu ikiingia ndani kidogo kuliko ile iliyo chini yake ili ukuta usianguke. Wajenzi wa Ruashi wanaosoma makala haya watatuelewa: jaribu kupandisha ukuta wa meta 11 bila saruji, uone kama utasimama wiki moja. Ule umesimama tangu karne ya 14 hivi. Mji wenyewe ulianza mapema zaidi, katika karne ya 11, ukaachwa katika karne ya 15.

Sasa sikilizeni mambo yaliyoupata. Mwaka 1871 Mjerumani mmoja, Karl Mauch, alifika pale. Akaona mti uliotumiwa juu ya mlango, akakata kibanzi, akakilinganisha na mti wa kalamu yake ya risasi. Vikafanana kwa rangi na harufu. Basi akasema: huu ni mwerezi wa Lebanoni, kwa hiyo jengo hili ni la malkia wa Sheba! Kwa kibanzi kimoja tu, Waafrika wakanyang'anywa nyumba yao. Kumbe mti ule ulikuwa wa porini pale pale. Baadaye, mwaka 1902, akawekwa mwangalizi aitwaye Richard Hall. Huyu aliona tabaka za udongo zenye vyungu na vitu vya Waafrika, akaziita uchafu, akazizoa na kuzitupa, ili afikie mabaki ya hao wageni wake wa Sheba. Hakuwafikia, kwa kuwa hawakuwako. Alichotupa ndicho kilichokuwa ushahidi.

Mwaka 1905 mchimbuzi wa kweli, David Randall-MacIver, alisema wazi kwamba wajenzi ni Waafrika. Mwaka 1929 akaja mwanamke Mwingereza, Gertrude Caton-Thompson, akachimba kwa uangalifu chini ya sakafu na kuta ambazo hazijaguswa, akathibitisha neno hilo hilo. Je, mambo yakaisha? La. Serikali ya walowezi wa Rhodesia haikupenda jibu hilo, kwa sababu ilitaka kusema kwamba ilikuta nchi tupu. Mtaalamu Peter Garlake, aliyeshikilia ukweli, aliondoka nchini mwaka 1970. Nchi ilipopata uhuru mwaka 1980 ilichukua jina la nyumba hizo za mawe, na ndege wa jiwe la sabuni aliyepatikana pale yupo katika bendera yake.

Tumekaa sana hapo kwa makusudi. Neno la mtoto wetu, "walikuwa wanakaa tu", ni mtoto wa maneno ya Mauch na Hall. Watu walikana kwanza, na baada ya kukana wakafundisha.

Kutoka Zimbabwe Kuu dhahabu ilishuka mpaka pwani, Sofala, ikapanda majahazi kwenda Kilwa. Si Kilwa yetu ya ziwa Mweru, bali Kilwa Kisiwani, katika pwani ya Tanzania. Sarafu moja ya Kilwa, yenye jina la sultani al-Hasan bin Sulaiman, imepatikana katika Zimbabwe Kuu yenyewe, kwa hiyo hatubahatishi. Sultani huyo alitawala mwanzoni mwa karne ya 14, na msafiri Ibn Battuta alimkuta mwaka 1331. Alijijengea jumba juu ya jabali la bahari, liitwalo Husuni Kubwa, lenye vyumba zaidi ya mia moja na birika la kuogea la pembe nane. Msikiti mkuu, ulioanzishwa katika karne ya 11, ukaongezwa ukubwa na kufunikwa kwa kuba.

Kazi ya mawe ya pwani ni ya akili sana. Fundi alitoa matumbawe baharini yangali laini, akayachonga upesi kabla hayajakauka na kuwa magumu. Matumbawe mengine yalichomwa kwa kuni siku nyingi mpaka yakawa chokaa. Dari ilibebwa na boriti za mikoko, na kwa kuwa boriti hazina urefu wa kutosha, chumba cha nyumba ya mawe hakizidi sana upana wa meta mbili na nusu au tatu. Ndiyo maana nyumba za kale za Waswahili ni ndefu na nyembamba. Mti wa kando ya bahari ndio uliowapimia matajiri vyumba vyao.

Jumba la sultani halikumalizika vizuri, wala halikukaliwa muda mrefu. Msikiti ulisaliwa karne kadhaa. Mwaka 1505 Wareno wa Francisco de Almeida waliuteka mji na kuupora. Walikuwa Wakristo, na hatuna sababu ya kulificha hilo.

Wa Ethiopia tutawataja upesi tu, ingawa wanastahili makala yao peke yao. Katika mji wa Lalibela, unaoitwa kwa jina la mfalme aliyetawala mwishoni mwa karne ya 12 na mwanzoni mwa ile ya 13, yapo makanisa 11 yaliyochongwa ndani ya mwamba. Hapo hawakupandisha jiwe, waliliondoa. Walianza juu, penye paa, wakashuka na patasi mpaka mlangoni. Watu wanasali humo hata leo. Na Aksum wanayo nguzo ya meta 24 hivi iliyobebwa na jeshi la Mussolini mpaka Roma mwaka 1937. Ilirudishwa mwaka 2005, ikasimamishwa tena mwaka 2008.

Hapa twaomba ruhusa ya kutoka njiani kidogo. Si kila kikubwa kilichojengwa Afrika chatufurahisha. Huko Yamoussoukro, Kodivaa, rais Félix Houphouët-Boigny alijenga basilika lenye kimo cha meta 158, kupita hata la Mtakatifu Petro, ambalo kulijenga kulichukua tangu 1506 mpaka 1626. Lile la Yamoussoukro lilichukua miaka michache tu, na Baba Mtakatifu Yohane Paulo II alilibariki tarehe 10 Septemba 1990. Alitaka ijengwe pia hospitali karibu yake. Hospitali ilifunguliwa mwaka 2015. Hesabuni wenyewe. Twasema hivi bila kiburi, maana hata hapa kwetu mashirika yalibishana mwaka mzima kama kikanisa chetu kipate mnara au kipate mabati ya chumba cha mafundisho, ambamo watoto walikuwa wakinyeshewa. Mabati yalishinda kwa kura nne. Vyuma vya mnara vimesimama nje mpaka leo, na kuku wa jirani hulala juu yake.

Turudi kwa kijana wetu. Hakuuliza juu ya Washona wala Waswahili, aliuliza juu ya wazee wa hapa. Basi hapa Katanga walijenga nini?

Ukitoka nje ya mji utaona vichuguu, vingine vya meta tano na zaidi. Wataalamu wamepima umri wa vichuguu vya karibu na Lubumbashi, na mwaka 2015 walitangaza kwamba kimojawapo kina miaka zaidi ya 2,000. Wadudu wadogo wamejenga kabla ya Kilwa na kabla ya Zimbabwe! Sisi wa Ruashi twajua udongo wake, kwa sababu ndio tunaofyatulia matofali na kuyachoma. Na udongo huo huo ndio waliotumia mafundi wa zamani kujengea tanuru za mukuba, yaani shaba. Baada ya mavuno, wakati wa kiangazi, walikwenda kwenye vilima vya mawe ya kijani, wakachimba, wakachoma makaa, wakasimamisha tanuru ndogo, wakavuvia kwa mivuo ya ngozi, na shaba ilipoyeyuka wakaimimina katika umbo. Askofu wa kwanza wa Katanga, Monsinyori Jean-Félix de Hemptinne, aliandika habari zao mwaka 1926 kwa jina la "walaji wa shaba", maana shaba ndiyo iliyowalisha. Kazi ikiisha, tanuru ilibaki kifusi. Mvua mbili tatu, na pale pamekuwa udongo tena.

Umbo walilopenda kumimina ni lile la msalaba. Tusikosee: si msalaba wa Bwana wetu, wala haukuletwa na wamisionari. Ulikuwako karne nyingi kabla yao. Mwaka 1957 na 1958 wachimbuzi Jacques Nenquin na Jean Hiernaux walifukua makaburi mengi ya Sanga, kando ya ziwa Kisale, na baadaye Pierre de Maret akaendelea na kazi hiyo. Waliona watu waliozikwa kwa heshima kubwa tangu zaidi ya miaka elfu moja iliyopita, pamoja na vyungu vizuri, pembe za ndovu na vitu vya shaba. Katika makaburi ya kati misalaba kwa kawaida ni mikubwa kidogo na huwekwa kifuani. Katika yale ya baadaye ni midogo, mingi, imewekwa mikononi na kiunoni, kama fedha. Na Kisale haina shaba! Shaba ilitoka huku kusini, safari ya siku nyingi kwa miguu.

Mbona hawakujenga kwa mawe? Kisale ni nchi ya maji na matope, watu wake ni wavuvi, jiwe liko mbali. Tena kwa Waluba kila mfalme mpya alijenga mji wake mpya, na mji wa yule aliyekufa ukawa mahali pa roho yake, ukitunzwa na mwanamke aitwaye mwadi. Mambo ya wafalme hao hayakuandikwa ukutani. Yaliwekwa katika lukasa, kibao cha mti kinachoenea mkononi, kimepigwa shanga na makombe. Mtu wa chama cha Mbudye aliyefundishwa alipitisha kidole juu ya shanga hizo na kusimulia: hapa mfalme fulani, hapa safari yake, hapa ziwa, hapa mpaka. Jengo la Merer lilihitaji mashua ya mawe. Hili lilibebwa kwapani.

Wapo watakaosema kwamba kibao si jengo, na kwamba tunachezea maneno. Twawakubalia nusu. Kibao hakizuii mvua. Lakini kama mtoto anauliza wazee wake wameacha nini kwa makusudi ili wakumbukwe, basi anayo haki ya kuonyeshwa kibao hicho pamoja na piramidi, katika kitabu kile kile.

Wiki tatu baada ya swali lake tuliwapeleka watoto 14 kwenye Makumbusho ya Taifa hapa mjini, baadhi kwa taksibisi, baadhi kwa miguu. Kijana wetu alisimama mbele ya misalaba ya shaba muda mrefu. Kisha akauliza mkubwa una uzito wa kilo ngapi, na kama mtu mmoja aliweza kubeba kumi kutoka hapa mpaka Kisale. Tukapiga hesabu pamoja njia nzima ya kurudi.

Wasomaji ambao babu zao walisimulia habari za tanuru za mukuba, au walioona kwa macho yao kibao cha lukasa kikisomwa, tafadhali waandike waliyosikia na kuyapeleka kwa katekista wa parokia yao. Watoto wanangoja sehemu ya pili.